Kaeni Chini, Sikilizeni Wimbo Mmoja



Katika nyumba nyingi muziki haukosi. Redio hufunguliwa alfajiri chai ikichemka, jioni televisheni hupokea zamu, na kila mtu ana simu yake. Hata hivyo, mwulize mume au mke ni lini alipofurahia wimbo kutoka mwanzo hadi mwisho. Wengi watakujibu kuwa ni kabla ya watoto kuzaliwa, kisha waongeze kwamba muziki wa siku hizi hauna maana.

Huenda kosa si la muziki. Masikio yaliyozoea kelele kutwa hujifunga, na yakijifunga hayachagui: hata sauti ya mwenzako hubaki nje. Mke asimulia habari za mtoto shuleni huku redio ikinguruma, mume aitikia "mm", na kesho yake auliza habari ile ile.

Zamani kusikiliza kulidai kazi kidogo. Nyimbo nyingi za dansi za miaka ya 1970 hapa Kenya zilitolewa katika santuri ndogo za mizunguko 45 kwa dakika. Wimbo mrefu ulikatwa, sehemu ya kwanza upande huu, ya pili upande ule, na ilibidi mtu ainuke kuigeuza santuri. Aliyeinuka kwa ajili ya wimbo hakusahau kwamba unapigwa. Leo wimbo huja bila kuitwa na kupita bila kuagwa.

Basi chagueni jioni moja kwa juma, watoto wakishalala. Wimbo mmoja watosha. Zimeni televisheni, acheni vyombo visivyooshwa vingoje. Kama wimbo umo katika simu, uunganisheni na spika kubwa, kwa maana kispika cha simu ni kidogo mno kutoa sauti nzito za besi, na rumba bila besi ni ugali mkavu.

Tuchukue Sina Makosa wa Les Wanyika, bendi iliyozaliwa Nairobi mwaka 1978 wanamuziki kadhaa walipotoka Simba Wanyika. Nyote mwaujua, na pengine mmeucheza arusini. Je, mmewahi kuusikiliza? Mara ya kwanza fuateni sauti ya mwimbaji tu. Mara ya pili mwacheni aimbe, nanyi mfuate magitaa: lile la ridhimu lenye subira, likirudia mzunguko wake bila kuchoka, na la solo linalopita juu yake. Kisha zungumzeni juu ya maneno. Mwimbaji anajitetea mbele ya bwana aliyemkasirikia kwa sababu ya mwanamke. Mwamwamini? Huenda mume akasema maskini anasingiziwa, na mke akataka kwanza kumsikia yule bibi, ambaye katika wimbo hapewi nafasi ya kusema neno. Mazungumzo juu ya wivu, ambayo mngeogopa kuyaanza kuhusu nyumba yenu, huanza kwa urahisi kuhusu nyumba ya mtu mwingine.

Juma lifuatalo achague mwenzako, na hapa ndipo wengi hujikwaa. Mume apenda benga, mke apenda taarabu. Usicheke wala usiseme, "Huu nao ni muziki?" Mwulize alikuwa wapi alipousikia mara ya kwanza. Jibu laweza kuwa jambo ambalo hukulijua kwa miaka kumi na mitano ya ndoa. (Na kama wimbo wamkumbusha mchumba wa zamani, usimhoji kama polisi. Ni wewe aliyekuoa.)

Wapo pia wanaotenganishwa na kazi, mume yuko Mombasa, mke yuko nyumbani na watoto. Kubalianeni wimbo na saa, kila mmoja ausikilize alipo, kisha mpigiane simu. Baba, wewe ndiwe upige, na uulize habari za wimbo kwanza, kabla ya karo na ng'ombe.