Ramani ya mafuta na upande wake usiochorwa

Kila panapotangazwa habari za mafuta au gesi, hapakosi ramani. Vitalu vimepakwa rangi, bomba limepigiwa mstari mwekundu, bandari imewekewa alama ya meli. Anayeitazama anaona utajiri. Haoni kisima cha kijiji, shamba la muhogo wala mkondo wanakotega samaki. Swali la kujiuliza ni hili: nani kaichora ramani hiyo, na kipi hakukiweka?

Ramani ni ushahidi. Shahidi anayesema nusu ya aliyoyaona na kunyamazia nusu, huyo kaficha ushahidi. Ili tuelewane, tuchukue mfano wa Delta ya Niger, kusini mwa Nigeria.

Mafuta ya kibiashara yaligunduliwa huko Oloibiri mwaka 1956, na miaka miwili baadaye yakaanza kuuzwa nje. Tangu hapo ramani ya visima na mabomba ilikuwepo, tena kamili, kwani kampuni haiwezi kufanya kazi bila ya kujua bomba lake limepita wapi. Iliyokosekana ni ramani ya madhara. Watu wa Ogoni walilalamika kuwa ardhi yao inaharibiwa. Mwandishi Ken Saro-Wiwa, aliyeongoza madai hayo, alinyongwa na serikali ya kijeshi pamoja na wenzake wanane tarehe 10 Novemba 1995.

Ramani hiyo ilikuja kupatikana Agosti 2011, pale Shirika la Umoja wa Mataifa la Mazingira, UNEP, lilipotoa ripoti yake juu ya Ogoni. Wataalamu walikagua maeneo zaidi ya 200, wakatembea kilomita 122 za njia za mabomba, wakachimba na kupima udongo na maji. Katika kijiji cha Nisisioken Ogale walikuta watu wanakunywa maji ya visima yenye benzeni, kemikali inayosababisha saratani, kwa kiasi kinachozidi mara 900 kile kinachokubaliwa na Shirika la Afya Duniani. Ripoti ikasema kusafisha eneo lote kunaweza kuchukua miaka 25 hadi 30.

Tuzingatie jambo moja. Uchimbaji ulikuwa umesimama Ogoni tangu 1993. Yaani miaka 18 baada ya visima kufungwa, sumu ilikuwa bado iko katika maji ya kunywa. Kwa hiyo ramani inayoonyesha visima vinavyofanya kazi tu haitoshi, kwa sababu madhara hayaondoki pamoja na mitambo.

Uadilifu unatutaka tuseme pia kwamba si kila tone lililomwagika ni la kampuni. Ripoti hiyo ilitaja wizi wa mafuta na mitambo ya kusafishia mafuta ya kienyeji. Lakini hilo linazidisha haja ya ramani: bila ya kujua kila uchafu umetoka wapi na lini, kila mmoja atamsukumia mwenzake lawama, na mwananchi ataendelea kunywa sumu.

Somo la pili linatoka Bodo, huko huko Ogoni. Mwaka 2008 bomba lilipasuka mara mbili, mafuta yakaua mikoko na kuharibu uvuvi. Kampuni ya Shell ilitaja kiasi kilichomwagika, wanakijiji wakakikataa. Kesi ikaenda London, na mwishowe kampuni ikakiri kuwa kiasi kilikuwa kikubwa kuliko ilivyosema mwanzo. Januari 2015 ilikubali kulipa pauni milioni 55. Tujiulize: wale wasiopata wa kuwapimia wala wakili wa kuwasemea, wao wamelipwa nini?

Kwa nini tunayaeleza haya kwetu? Kwa sababu bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima, Uganda, hadi Chongoleani, Tanga, lina urefu wa kilomita 1,443, na kati ya hizo 1,147 ziko Tanzania, katika mikoa minane kuanzia Kagera. Na bahari ya Tanga ndimo ilimo hifadhi ya silikanti, iliyoanzishwa mwaka 2009.

Hatusemi kwamba yaliyotokea Ogoni lazima yatokee Tanga. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inataka miradi mikubwa ifanyiwe tathmini ya athari kabla ya kuanza. Tunachosema ni kwamba tathmini iliyofungiwa kabatini haimlindi mtu. Wanavijiji wana haki ya kuona ramani kwa Kiswahili, ikiwa imebandikwa ofisi ya kijiji, inayoonyesha bomba pamoja na visima vyao, mashamba yao na maeneo yao ya uvuvi. Hali kadhalika maji yapimwe mafuta yasijapita, matokeo yaandikwe na nakala ibaki kijijini. Kipimo hicho cha mwanzo ndicho walichokikosa watu wa Ogoni.

Wanafunzi wa fiqhi wanaijua kanuni kwamba kuzuia madhara kunatangulizwa mbele ya kuleta manufaa. Hatuwezi kuzuia tusichokijua kilipo. Basi, ndugu msomaji, mara nyingine utakapoonyeshwa ramani ya mafuta, usiulize bomba linapita wapi tu. Uliza pia: wanaoishi hapo wanakunywa maji ya wapi?