Ukitaka kuijua opera ya filamu, mfuate mwimbaji mmoja

Wengi wanaojaribu opera kupitia filamu huanza na mtunzi, Mozart au Puccini, wakachoka mapema. Mimi nashauri umchague mwimbaji mmoja, umfuate filamu hadi filamu. Anayefaa sana ni Ruggero Raimondi, Mwitaliano wa Bologna mwenye sauti nzito, aliyezaliwa 1941.

Anza na Don Giovanni ya Joseph Losey (1979), iliyopigwa Vicenza na viunga vyake. Soma kwanza muhtasari wa hadithi, la sivyo utashinda ukikimbizana na maandishi ya tafsiri chini ya kioo na kumsahau mwimbaji. Katika filamu za aina hii muziki kwa kawaida hurekodiwa mapema, kisha mwimbaji hufuatisha mbele ya kamera. Kwa hiyo usiangalie midomo tu. Angalia shingo na kifua: anayefuatisha kivivu hufungua kinywa bila kuvuta pumzi. Zima sauti dakika chache uone uso peke yake unasema nini. Wa Raimondi hapa ni mkavu, karibu hausogei, na ndiyo maana anatisha. Uso kama huo ungepotea jukwaani, mbele ya watazamaji walio mbali. Kamera inausogeza hadi puani kwako.

Carmen ya Francesco Rosi (1984) itazame bila kuikawilia. Humo yeye ni Escamillo, mpigana na fahali, na sehemu yake si ndefu.

Muda wako uuweke kwenye Tosca, maana ameicheza mbele ya kamera zaidi ya mara moja akiwa Scarpia, mkuu wa polisi; tazama mbili. Ile ya Julai 1992 ilirushwa moja kwa moja kutoka Roma, mahali penyewe na saa zenyewe za hadithi: kanisani mchana, Palazzo Farnese usiku, Castel Sant'Angelo alfajiri. Waimbaji waliimba papo hapo, huku Zubin Mehta akiongoza okestra iliyokuwa kwingine. Ya Benoît Jacquot (2001) ni ya studio, na hata inakuonyesha waimbaji wakirekodi, kwa picha nyeusi na nyeupe.

Linganisha mwisho wa sehemu ya kwanza tu, pale Scarpia anapopanga uovu wake huku kwaya ikimsifu Mungu. Mwaka 1992 jasho na pumzi ni vya kweli. Ya 2001 ni safi zaidi; mimi bado naipenda ile ya jasho.

Boris Godunov ya Andrzej Żuławski (1989) iache mwisho. Ni ngumu.