KUPIMA PEMBE KWA KIMO NA KIVULI

Huko Lunga Lunga, karibu na mpaka wa Kenya na Tanzania, mnazi uliozeeka kando ya nyumba hauna budi kukatwa kabla haujaangushwa na upepo. Lakini mwenye nyumba hujiuliza: Je, ukiangukia upande huu, utalifikia paa? Kukisia kwa macho ni hatari. Hesabu ya kivuli humpa jibu bila mtu kuukwea mti.

Chukua fimbo iliyonyooka, uisimamishe mahali palipo sawa, mita 2 zikiwa juu ya ardhi. Hakikisha kwa timazi kwamba imesimama wima. Fimbo, kivuli chake, na mwali wa jua upitao juu ya fimbo mpaka ncha ya kivuli, hufanya pembetatu. Chini ya fimbo pana pembe mraba, yaani digrii 90. Pembe tunayoitafuta ipo kwenye ncha ya kivuli. Nayo ndiyo pembe ya jua juu ya ardhi.

Tuseme kivuli ni mita 1.6. Gawanya kimo kwa kivuli: 2 ÷ 1.6 = 1.25. Kisha tazama orodha hii, ambayo haibadiliki, fimbo iwe fupi au ndefu:

0.58 – digrii 30
1.00 – digrii 45
1.19 – digrii 50
1.73 – digrii 60
2.75 – digrii 70

Jibu letu limezidi 1.19 kidogo, basi pembe yapata digrii 51. Ukitaka kuhakikisha, chora pembetatu hiyo kwenye karatasi, kimo sentimita 10 na kivuli sentimita 8, uipime pembe kwa kipimapembe.

Papo hapo pima kivuli cha mnazi, maana jua halingoji. Tuseme ni mita 12. Miali ya jua hutufikia sambamba, kwa hiyo pembe ni ile ile, na kimo cha mnazi ni 12 × 1.25, yaani mita 15. Nyumba iliyo mita 13 kutoka shina itapigwa! Heri mti uelekezwe kwingine, au ukatwe vipande kuanzia juu. Fahamu kwamba hesabu hii ni ya mti uliosimama wima. Mnazi ulioinama ni mrefu kuliko kimo chake.

Kwa fimbo hiyo hiyo waweza kufuata safari ya jua mwaka mzima. Adhuhuri ya tarehe 21 Juni, kivuli chake hapo Lunga Lunga huelekea kusini, karibu mita 1.06, na pembe ya jua ni digrii 62. Tarehe 21 Desemba huelekea kaskazini, karibu sentimita 68, na pembe ni digrii 71. Karibu na tarehe 9 Machi na 4 Oktoba jua hupita utosini, na kivuli hutoweka kabisa. Lakini usilitazame jua lenyewe, kwani huharibu macho, tazama kivuli.

Zoezi: Fimbo ya mita 2 ina kivuli cha mita 1, na mlingoti wa bendera una kivuli cha mita 6. Tafuta kimo cha mlingoti na pembe ya jua.

Jibu: Mita 12, digrii 63.