Barua Njema Isitupwe Jaani



Zamani barua ilipopotea, lawama ilikuwa na wa kubebeshwa: karani wa posta, au msafiri aliyepewa bahasha akaisahau mfukoni. Leo mambo yamegeuka. Barua pepe hufika salama mpaka mlangoni petu, kisha ikatupwa jaani na bawabu aliyewekwa kutulinda, wala sisi hatuna khabari. Jaa hilo kwa Kiingereza huandikwa Spam, na penginepo Junk. Somo letu la leo ni hili: kwa nini barua za watu tunaowaamini hutupwa humo, na vipi tuzirudishe mahali pake bila ya kuwafungulia mlango matapeli.

Wala mtu asiseme kuwa hili ni jambo dogo. Natuchukue mfano wa kijana wa Lamu aliyeomba nafasi ya masomo katika chuo cha ng'ambo. Chuo kimemjibu kwamba amekubaliwa, na kimemtaka athibitishe katika muda wa siku 14. Barua hiyo imeingia jaani. Kila siku kijana afungua kikasha chake, haoni kitu, mwisho akakata tamaa akasema kuwa hakuandikiwa. Kumbe aliandikiwa! Akija kuiona siku ya 20, nafasi imekwisha kupewa mwengine. Je, khasara hii tumlaumu nani? Chuo kimeandika, na barua imefika. Kilichokosekana ni jicho la kutazama.

BAWABU HUYU ALITOKA WAPI?

Mwezi wa Mei 1978, huko Marekani, mtu wa biashara aitwaye Gary Thuerk alipeleka tangazo la kompyuta za kampuni yake kwa watu wapatao 400 kwa mara moja, katika mtandao wa ARPANET uliokuwa mzazi wa intaneti ya leo. Watu hao hawakumwomba kitu, na wengi wao walikasirika. Walakini mlango ulikuwa umekwisha funguliwa. Kwani kupeleka barua pepe kwa mtu mmoja na kuipeleka kwa watu elfu, gharama yake hukaribiana. Na jambo lisilokuwa na gharama halikosi wa kulizidisha. Baada ya wafanya biashara wakaja matapeli.

Ndipo wataalamu wakaweka mabawabu, yaani programu za kuchuja barua. Mwanzo mabawabu walifundishwa maneno mabaya tu: barua yenye neno fulani haipiti. Matapeli wakabadilisha herufi moja au mbili, wakapita. Mwaka 2002, mtaalamu wa programu Paul Graham alieneza njia iliyo bora zaidi: programu izisome barua alizozikubali mwenyewe na zile alizozitupa, ihesabu kila neno hupatikana wapi zaidi, kisha ipime barua mpya kwa hesabu ya uwezekano. Asili ya hesabu hiyo ni kwa Mwingereza Thomas Bayes wa karne ya 18.

Hapa pana jambo kubwa la kuzingatia. Bawabu hana elimu ya ghaibu. Ahukumu kwa dalili, na sehemu ya dalili hizo ni matendo yetu sisi wenyewe. Tukimfundisha vyema hutengenea, na tukimwachilia hukosea.

DALILI ANAZOZITAZAMA

Katika dalili za leo, tatu ni za kumtambua mpelekaji. Ya kwanza huitwa SPF, nayo ni orodha anayoitangaza mwenye anwani, ya mashine alizozipa idhini kupeleka barua kwa jina lake. Ni kama kusema: wajumbe wangu ni hawa, na asiyekuwa katika hawa si wangu. Ya pili ni DKIM, nayo ni mfano wa muhuri: barua ikigeuzwa njiani, muhuri hauafikiani tena na maandishi. Ya tatu ni DMARC, nayo ni agizo la mwenye jina kwa wapokeaji: ikija barua kwa jina langu bila ya ushahidi, iacheni ipite, au itengeni, au ikataeni kabisa.

Tangu Februari 2024, kampuni za Google na Yahoo zimewalazimisha wanaopeleka barua kwa wingi wawe na vyote vitatu. Kwa Google, wingi maana yake ni barua 5,000 au zaidi kwa siku kwa watu wenye anwani za Gmail. Tena malalamiko ya wapokeaji yasifike 0.3 kwa mia, yaani watu 3 katika kila 1,000.

Mbali na hizo, bawabu hutazama sifa ya mpelekaji kwa siku zilizopita, viungo vilivyomo ndani ya barua, na vile watu walivyozipokea barua zake za kabla.

MBONA MWEMA HUADHIBIWA?

Mara nyingi ni kwa sababu mwema hakujitambulisha. Madrasa iliyokuwa kimya mwaka mzima huwaandikia wazazi 300 siku moja, kwa mashine isiyokuwa na muhuri. Bawabu aona mgeni amekuja na mzigo mkubwa bila ya hati, amdhanie nini? Au barua imepelekwa kwa mtu, naye akaweka ipelekwe mbele kwa anwani yake nyengine. Huko iendako hufika kwa mkono wa mashine isiyokuwamo katika orodha ya mwandishi wa asili, ikashukiwa.

Na sababu nyengine ni mikono yetu. Mtu hujiandikisha kwa khiyari yake apate khabari za chama au duka. Zikimchosha, badala ya kuomba kuondolewa katika orodha, huzishtaki kuwa ni taka. Mashtaka kama haya yakizidi, humdhuru hata jirani ambaye bado azitaka barua zile. Basi tusimshitaki asiyekuwa na kosa. Alama ya kujiondoa, ambayo huandikwa Unsubscribe, ndiyo njia ya uadilifu kwa mpelekaji tunayemjua. Ama tapeli tusiyemjua, huyo hatumjibu wala hatubonyezi kitu katika barua yake, twamshitaki basi.

LILILO WAJIBU KUFANYWA

Kwanza, tulitazame jaa angalau mara moja kwa wiki. Mwenye kupenda aifanye ni ada yake ya kila Ijumaa baada ya Alasiri. Gmail hufuta yaliyomo jaani baada ya siku 30, na kilichofutwa huko hakirudi. Na mwenye kungojea jibu la chuo, la kazi au la safari, atazame kila siku.

Pili, tukiiona barua ya mtu tunayemwamini, tusitosheke kuisoma tukaiacha humo humo. Tubonyeze palipoandikwa Not spam, au maneno yaliyo karibu na hayo. Barua hurudi kikashani, na bawabu amepata somo.

Tatu, tuiandike anwani ya mtu huyo katika daftari la anwani zetu, ambalo huitwa Contacts. Hii ni dalili kwa bawabu kwamba tunajuana.

Nne, kwa yule ambaye barua zake hatuwezi kuzikosa, tuweke amri ya wazi. Mwenye Gmail, akiwa mbele ya kompyuta, afungue alama iliyo pembeni mwa sanduku la kutafutia, aandike anwani ya mpelekaji penye From, abonyeze Create filter, kisha atie alama penye Never send it to Spam. Amri hii haiwekwi kwa programu ya simu. Mwenye Outlook aende Settings, kisha Mail, kisha Junk email, aitie anwani katika orodha ya wapelekaji walio salama.

Tano, kabla ya kusema barua imepotea, tutazame pia chumba kiitwacho Promotions kwa wenye Gmail. Hicho si jaa, ni chumba cha matangazo tu, walakini barua njema huingizwa humo pia.

KUAMINI SI KUFUNGUA MLANGO KWA KILA MTU

Hapa ndipo penye khatari. Kuna mtu ambaye akipoteza barua moja, hukasirika akaamrisha kila barua inayotoka gmail.com ipite. Huyo amemwondoa bawabu mlangoni, kwani anwani za gmail.com ni za watu wasiohesabika, na kila tapeli aweza kujipatia moja. Tuamini anwani nzima ya mtu mmoja. Na tukiamini jina lililo baada ya alama ya @, liwe ni la taasisi moja tunayoijua.

Tena, jina linaloonekana juu ya barua si ushahidi. Mtu yeyote aweza kujiandika jina la benki, au la mwalimu wako, au lako wewe. Katika simu nyingi huonekana jina peke yake. Lazima uliguse ndipo ikatokea anwani. Isome herufi kwa herufi: r na n zikiwekwa pamoja hufanana na m, na tarakimu 1 hufanana na herufi l. Barua yenye kukuhimiza ulipe leo leo, au utoe neno lako la siri, usiitoe jaani kwa sababu tu imebeba jina unalolipenda. Mpigie simu mwenyewe, kwa nambari uliyokuwa nayo zamani, si ile iliyoandikwa ndani ya barua. Tahadhari kabla ya hatari.

WAJIBU WA MWENYE KUANDIKA

Nasi pia ni waandishi wa barua. Kiongozi wa chama au madrasa amwulize fundi wake: je, anwani yetu ina SPF, DKIM na DMARC? Aandike kwa anwani moja isiyobadilika. Kichwa cha barua kiseme yaliyomo, wala kisipige makelele kwa herufi kubwa tupu. Asimwandikie asiyetaka, na mwenye kuomba kutolewa atolewe. Na siku mwanachama anapoandikishwa aambiwe: anwani yetu ni hii, iweke katika daftari lako.

Ndugu zangu, barua ni amana. Mwandishi ameitimiza amana yake kwa kuandika na kupeleka. Iliyobaki ni ya mpokeaji. Bawabu hufanya kazi kubwa ya kutuepusha na uchafu mwingi, walakini yeye ni mtumishi, na mtumishi huhitaji kusimamiwa. Basi kabla ya kulala usiku wa leo, kila mmoja wetu alifungue jaa lake atazame nani ametupwa humo.

MASUALI YA DARASA

1. Kuna tofauti gani baina ya jina la mpelekaji na anwani yake, na lipi kati ya hayo mawili ni la kuangaliwa?
2. Kwa nini haifai kuishtaki kuwa ni taka barua ya chama tulichojiandikisha wenyewe?
3. Eleza kazi ya SPF, DKIM na DMARC kwa mfano wa mjumbe, muhuri na agizo.
4. Taja wapelekaji watatu ambao barua zao huwezi kuzikosa mwaka huu. Je, anwani zao umekwisha kuziandika?