SOMO LA AFYA: USAHA UNAOBANA UTI WA MGONGO

Hapa Birere kuumwa mgongo tumezoea, juu tunabeba mizigo na kusukuma chukudu. Maumivu ya kazi hupungua tukipumzika. Ya usaha hayapungui.

Usaha huo unatoka wapi? Mikrobi za jipu au kidonda hupita katika damu, zikajificha kati ya mfupa na utando unaofunika uti wa mgongo. Kifua kikuu nacho hufika mgongoni, polepole. Daktari Percivall Pott wa London aliueleza ugonjwa huo mwaka 1779.

Dalili:
1. Mgongo kuuma mahali pamoja, hata usiku.
2. Homa, lakini si kwa wote.
3. Miguu kulegea au kufa ganzi.
4. Mkojo kukataa kutoka.

Kichwani usaha huweza kutoka sikioni au puani: kichwa huuma sana, pamoja na homa na kutapika.

Matibabu: hospitali siku ile ile. Muganga hutia dawa katika mshipa kwa majuma mengi, na mara nyingi hupasua kutoa usaha. Kifua kikuu hutaka vidonge vya miezi mingi, bila kuacha. Kukanda na kuchanja hakutoi usaha.

Swali: Mwenzako ana homa, mgongo unamuuma, miguu inalegea. Tumungoje mpaka kesho? Hapana! Miguu ikisha kupooza, mara nyingi hairudi.