Kuvuka Bahari kwa Njia ya Hewa

Mvuvi wa mto Kilombero, kabla hajasukuma mtumbwi wake majini, hupima mambo matatu: uzito wa mzigo, nguvu ya mkondo, na mahali atakapofikia ng'ambo. Akikosea moja, hasara ni yake. Leo twapenda kuwaeleza wasomaji wetu jinsi watu wa kwanza waliovuka bahari kwa njia ya hewa walivyojaribiwa kwa mambo yaya haya, kila mmoja kwa chombo chake. Tena tutaeleza safari moja iliyokusudiwa kufika katika nchi hii yetu.

Chombo cha kwanza ni puto. Puto ni mfuko mkubwa uliojazwa hewa nyepesi iitwayo haidrojeni, nao huelea juu kama bua lieleavyo majini. Halina injini wala usukani. Upepo ndio bwana wake. Tarehe 7 Januari 1785 Jean-Pierre Blanchard, Mfaransa, na Daktari John Jeffries, Mmarekani, waliondoka Dover katika Uingereza kwenda Ufaransa. Walipokuwa juu ya bahari puto likaanza kushuka. Wakatupa vitu vyao, hata baadhi ya nguo walizovaa, ndipo wakafika salama. Hapo uzito ndio uliotaka kuwaua.

Chombo cha pili ni eropleni. Hii haielei, maana ni nzito kuliko hewa. Huchukuliwa na mabawa yake maadamu inakwenda mbio; mwendo ukipungua mno, huanguka. Louis Blériot aliivuka bahari hiyo hiyo tarehe 25 Julai 1909, kwa muda wa dakika 37 hivi. Miaka 10 baadaye, tarehe 14 na 15 Juni 1919, John Alcock na Arthur Brown walivuka bahari ya Atlantiki bila kutua, kilomita 3,000 na zaidi, kwa muda wa saa 16 kasoro. Walipofika Ireland waliona uwanda wa majani mabichi, wakashuka. Kumbe ni kinamasi, na eropleni ikazama pua. Sisi wa bondeni twaijua sana hila hiyo ya majani wakati wa masika.

Chombo cha tatu ni zepelini, yaani puto refu lenye mifupa ya madini mepesi, injini na usukani. Tarehe 21 Novemba 1917 zepelini L59, yenye urefu wa mita 226 na watu 22, iliondoka Jamboli katika Bulgaria chini ya Kapteni Ludwig Bockholt. Ilichukua mzigo wa tani 15 hivi: risasi, bombom, dawa na vitambaa vya majeraha, kwa ajili ya majeshi ya Wajerumani ya Jenerali von Lettow-Vorbeck. Huku kwetu hapakuwa na haidrojeni ya kuijaza tena, basi ilikusudiwa isirudi kabisa. Kitambaa chake kingeshonwa mahema.

Ikavuka bahari ya Mediterania usiku, ikaingia jangwani. Mchana jua liliivimbisha haidrojeni, nyingine ikatoka. Usiku baridi iliipunguza nguvu, chombo kikashuka, wakalazimika kutupa uzito. Tarehe 23, walipokwisha kufika upande wa magharibi ya Khartoum, wakaletewa amri kwa simu ya upepo warudi. Mahenge ilikuwa imekwisha kutwaliwa na Wabelgiji mwezi wa Oktoba, na majeshi ya von Lettow yalikuwa yakisukumwa kusini. Hapakuwa na mahali pa hakika pa kushukia. L59 ikafika tena Jamboli tarehe 25, baada ya saa 95 na kilomita 6,750 hivi. Na siku hiyo hiyo von Lettow alivuka mto Ruvuma.

Kama mzigo wa mpagazi ni kilo 25, basi tani 15 ni mizigo 600. Katika vita ile wapagazi makumi ya maelfu walikufa kwa maradhi, njaa na uchovu, na wakulima wa nchi ya Mahenge walichukuliwa nafaka yao. Chombo kile kiliweza kuchukua kazi ya wapagazi 600, lakini kilichukua risasi za kuendeleza vita iliyokuwa ikiwamaliza wapagazi. Haifai kukisifu chombo kabla ya kuuliza kimepakia nini.

Chombo cha nne ni eropleni yenye tumbo kama la mashua, itulayo majini. Mwaka 1914 moja ya namna hiyo iliiona manowari Königsberg iliyojificha katika midomo ya Rufiji, ambako maji ya Kilombero huishia. Lakini tangu mwaka 1937 vyombo vikubwa vya jinsi hiyo vilileta barua na abiria kutoka Uingereza, vikitua Dar es Salaam na Lindi.

Walimu wawape watoto hesabu hii: L59 ilikwenda kilomita ngapi kwa saa? Na Alcock na mwenzake je? Wakipata takriban 71 na 188, wataona kwa nini puto na zepelini ziliachia eropleni njia za bahari. Kisha wawaulize pia mizigo ile 600 ingemfaa nani.