Tuujue Mti Wetu: Mgunga wa Gundi

Mwananchi wa Buna, kabla hujaukata mgunga wa kuzungushia boma, utazame vizuri. Huenda ukawa ule unaotoa gundi, ambao Wasomali huuita cadaad. Katika nyika za Kaskazini mwa Kenya mara nyingi huwa kichaka chenye mashina mengi yanayoanzia chini, si mti mrefu.

Utautambuaje? Angalia miiba. Mgunga wa gundi una miiba mitatu mifupi iliyopinda kila mahali jani linapotokea: miwili ya pembeni huelekea juu, wa katikati huelekea chini. Bilcil, unaofanana nao, una miiba miwili tu.

Faida yake ni nini? Mbuzi na ngamia hula majani na maganda yake. Mizizi yake hurutubisha udongo. Na wakati wa kiangazi, maziwa yanapopungua, ndipo gundi hutoka kwenye gome lililojeruhiwa. Viwanda huinunua kutengeneza soda, peremende, dawa na wino. Katika ukame wa 2020 hadi 2023, Kenya ilipoteza zaidi ya mifugo milioni 2. Familia iliyopoteza mbuzi bado inaweza kuokota gundi, mradi vichaka vipo.

Jinsi ya kuvuna:
1. Okota matone yaliyokauka na kuwa magumu. Usiyachanganye na maganda ya mti au mchanga.
2. Ukichubua gome, chubua ukanda mwembamba tu. Usifike kwenye mbao, wala usizungushe shina lote; mti utakufa.
3. Anika kivulini juu ya mkeka safi, kisha uhifadhi kwenye gunia linalopitisha hewa. Mfuko wa plastiki huleta unyevu na ukungu.
4. Usichanganye gundi na ubani au manemane. Mnunuzi akikuta mchanganyiko, bei hushuka.

Huna hakika ni ipi? Tia kipande kwenye kikombe cha maji usiku kucha. Gundi safi huyeyuka yote. Ubani na manemane huacha mashapo.

Kwa boma, tumia matawi ya mathenge, ambayo huchipua upesi yakikatwa. Mgunga wa gundi ukikatwa leo kwa ajili ya ua wa msimu mmoja, mavuno ya viangazi vingi vijavyo yamekwenda nao.